Kilio cha Kumlilia Aliye Hai

Mambo yaliharibika siku ya Alhamisi, tarehe kumi na mbili Oktoba mwaka 1972, yapata saa nne asubuhi, wakati Mamirbai amelala chali ndani ya hema la sufu, shuka jeupe limemfika kidevuni, amekufa.

Kufa kwenyewe hakukumsumbua. Hiyo ilikuwa mara yake ya thelathini na nane. Alikwisha kupigwa risasi akiwa jambazi, kunyongwa akiwa mwizi wa farasi, kuzama mtoni akiwa tajiri mnyonyaji, na mara mbili kukatwa kwa upanga na kijana mzuri wa sura ambaye mwisho wa filamu ndiye aliyeoa. Lakini siku hiyo, kwa mara ya kwanza tangu studio imtoe kwenye mazizi ya shamba la ushirika, alikuwa amekufa mtu mwema. Alikuwa Esengul, mchungaji aliyedhulumiwa na mwenyekiti wake mpaka moyo ukapasuka. Na mtu mwema hazikwi bila kuliliwa.

"Kaka Mamirbai, unapepesa macho," alisema Temirkan, mwongozaji. Alikuwa kijana wa Frunze, mji wetu mkuu, aliyesomea kazi hiyo Moscow, mwenye koti la ngozi na tabia ya kutafuna kucha.

"Moshi."

"Maiti hana habari na moshi."

"Basi uambie moshi. Mimi nimekwisha kufa, wenyewe ndio haujapata taarifa."

Mafundi wakacheka. Sonun hakucheka. Alikuwa ameketi karibu na ukuta wa hema, nguo nyeusi, kitambaa cheusi, mgongo ameupa watu na uso ameupa ukuta, kama inavyompasa mjane. Alikuwa mke wa Mamirbai kweli, mke wa ndoa, wa miaka kumi na tisa. Hakuwa mwigizaji. Kazi yake ilikuwa kukamua ng'ombe, lakini katika mabonde matatu hakukuwa na msiba wa maana ulioanza kabla yeye hajafika. Sauti yake ikipanda ndani ya hema, wazee waliosimama nje na fimbo zao, watu walioona vita na njaa, walikuwa wanafunika nyuso kwa kofia zao. Temirkan alikuwa amemsikia mara moja tu, kwenye mazishi ya mjomba wake, na tangu siku hiyo akasema kwamba filamu yake haitakuwa na kilio kingine ila kile.

Kumpata kulichukua majuma matatu, na aliyempata si Temirkan. Ni Mamirbai.

"Kilio si wimbo wa harusi," Sonun alikuwa amemwambia, akimimina chai, bakuli halijafika nusu, kama anavyomiminiwa mtu ambaye hutaki aondoke upesi. "Mke kumlilia mume aliye hai ni kumchimbia. Na kilio ukikiita kinakuja kwa miguu yake. Kikifika kisimkute maiti, kinakaa mlangoni kinangoja."

"Hayo ni ya bibi zako."

"Na pua yangu pia ni ya bibi zangu. Niitupe?"

Mamirbai akapuliza chai yake. Hakuwa mtu wa shule. Alisoma madarasa manne, kisha farasi wakamwita. Studio haikumchukua kwa akili wala kwa sauti. Ilimchukua kwa uso. Dume la farasi lilikuwa limempiga teke utotoni, kope moja ikalegea, na kovu likamteremka mpaka mdomoni, hata akitabasamu alionekana anapanga kuua. Komisaa, shujaa wa filamu zile, huwa na uso laini. Jambazi huwa na uso wa Mamirbai. Hata sauti haikuwa yake: Kirusi chake kilikuwa cha kubabaisha, kwa hiyo filamu zilipelekwa Moscow, na huko mtu mmoja, ambaye hajapata kuonana naye mpaka leo, akatia sauti yake kinywani mwa Mamirbai. Watu kutoka Baltiki mpaka bahari ya mashariki waliijua sura yake, wakamchukia kwa sauti ya mtu mwingine.

"Mama Jipar," alisema hatimaye. "Nimekufa mara thelathini na saba. Kama mbwa. Naanguka, farasi wanapita juu yangu, muziki unapigwa, watu wanakula mbegu zao za alizeti. Hakuna aliyenililia hata siku moja. Hata paka. Nililie mara moja tu."

Sonun akamtazama. "Unataka niulilie huo uso, au nikulilie wewe?"

"Si wote wawili tunakaa nyumba moja?"

Akacheka. Ndivyo alivyompata. Miaka yote alijua kumchekesha.

Alitoa masharti mawili. La kwanza, asiwepo mwanamke yeyote wa kijijini ndani ya hema, wala mtu mwingine anayejua kilio ni nini, maana ikiwa ni uongo basi usisikiwe na mjuzi. La pili, Mamirbai alale pale pale mpaka amalize. "Kilio kisikose mtu wake," alisema. "Nikikutafuta kwa sauti nikukute."

Mamirbai akaahidi.

Sasa basi, Alhamisi hiyo, picha ya maiti ilikuwa imekwisha kupigwa na fundi wa taa anasogeza taa kumwelekea Sonun, ndipo lori la studio likapanda kilima likihema. Akashuka karani wa mkurugenzi, Mamirbai hakuwahi kujua jina lake, mtu mfupi mwenye mkoba mkubwa. Alikuwa na karatasi. Studio ya Tashkent inamhitaji Mamirbai kesho asubuhi. Jambazi wao amevunjika mguu. Mkurugenzi amekwisha kuwaahidi wenzake kwa simu. Ndege ni saa tisa.

"Nimebakiza kilio!" Temirkan akapiga kelele. "Namhitaji alale pale!"

"Ameshapigwa picha amelala au hajapigwa?"

"Amepigwa, lakini..."

"Picha ya mwanamke ni uso wake tu?"

"Ndiyo, lakini..."

"Basi chini ya shuka weka gunia la shayiri. Shayiri haina safari."

Temirkan akatafuna ukucha, akamtazama Mamirbai. Karani naye akamtazama. Mamirbai akaketi, maiti katika shuka lake, akaanza kutafuta viatu.

Sonun aligeuka kutoka ukutani. Ni lazima ijulikane hapa kwamba katika miaka kumi na tisa hakuwahi kulitamka jina la mumewe. Kwetu mke aliyelelewa hatamki jina la mume wala la wakwe zake. Baba yake Mamirbai aliitwa Toktosun, na jina hilo ndilo neno letu la kusimama, kwa hiyo Sonun hata farasi akitoroka hakuweza kumwambia asimame, alikuwa anamkimbilia akipiga kelele, "Ee mwenye miguu minne, pumzika!" Kijiji kizima kikicheka. Mumewe alimwita Baba Jipar, au mtu wetu, au basi wewe.

"Baba Jipar," alisema. "Uliniahidi."

"Wakubwa wameita, Sonun. Ningefanya nini?"

Sonun akaurudia ukuta. Mamirbai akapanda lori, na injini ilinguruma hivi kwamba, hata alipotoa kichwa dirishani penye kona ya kwanza, hakusikia kitu. Jumamosi alikufa Tashkent, akaanguka kutoka juu ya paa kwenye magodoro. Mara ya thelathini na tisa. Hakuliliwa.

Aliporudi nyumbani baada ya siku kumi alimkuta Sonun anapika maandazi.

"Ulilia?"

"Nililia."

"Ulisemaje?"

"Nilisema yaliyokuja." Akageuza maandazi. "Uliza gunia. Lenyewe lilikuwepo."

Aliuliza tena siku nyingine, kwa mzaha, na mara nyingine kwa hasira. Hakupata zaidi ya hapo. Basi akajiambia, si neno, filamu itatoka, nitaketi katika ukumbi kama watu wengine nijisikie ninavyoliliwa. Alinunua hata suti ya siku hiyo, suti ya kijivu ya kutoka Polandi.

Filamu haikutoka. Mwezi Machi 1973 wakubwa waliitazama, watu saba, wakanywa maji ya chupa, wakauliza maswali. Kwa nini mwenyekiti wa shamba la ushirika anaonyeshwa mbaya? Kwa nini yule mjane analia kizamani, uso ukutani, kama kwamba nchi hii haijaleta furaha? Mmoja akasema ni mabaki ya dini. Mwingine akasema filamu nzuri, lakini si ya mwaka huu. Wakaifungia katika makopo yake ya bati, ikawekwa rafuni, na rafu, kila mtu wa kazi hiyo anajua, ni kaburi lisilo na udongo. Temirkan akapewa filamu fupi fupi kuhusu ufugaji wa nyuki. Mamirbai akarudia ujambazi. Nafasi moja aliyowahi kupata ya kuwa mtu mwema, watu saba waliimaliza kabla ya chakula cha mchana.

Na Sonun, Februari 1975, alishikwa na homa ya mapafu. Gari la wagonjwa lilipigiwa simu mara tatu. Lilifika siku ya pili, likiwa na daktari kijana aliyeomba radhi kuhusu theluji, kana kwamba theluji ndiyo mkubwa wake. Jioni yake akafa. Alikuwa na miaka arobaini na moja.

Kwenye mazishi wanawake walilia ndani, na wanaume walisimama nje wakiegemea fimbo. Walilia vizuri, hakuna wa kuwalaumu; lakini bonde zima lilijua kwamba mjuzi wa kazi ile ndiye aliyelala. Sauti zilipanda, zikafika mahali ambapo yeye angeingia, pakawa na shimo. Mamirbai alisimama na fimbo yake. Mtu aliyekufa mara arobaini na kitu mbele ya kamera hakupata chozi hata moja. Akamsikia mtu nyuma yake akinong'ona, "Huyu hata kutolia anaigiza."

Baada ya arobaini akaanza kudai filamu.

Hakudai itolewe. Alidai aonyeshwe, yeye peke yake, ile sehemu ya kilio, dakika tatu. Picha za Sonun alizokuwa nazo ni mbili: moja ya kitambulisho cha kazi, macho yamekodoka kwa mwanga, nyingine ya harusi ya jirani, yuko nyuma, amefunikwa nusu na sahani ya nyama. Sauti hakuwa nayo kabisa. Sauti ya mtu ni kitu cha ajabu. Mwaka wa kwanza aliisikia kila alfajiri. Mwaka wa tano alikuwa anaikumbuka anapotaka. Mwaka wa nane aliamka akaitafuta, akapata maneno, sauti yenyewe haipo, ni kama bakuli umekunywa chai yake ukaliweka kinywani tena.

"Filamu gani hiyo, ndugu?" mkurugenzi wa pili alimuuliza.

"Iliyo kwenye rafu yako."

"Hakuna filamu kwenye rafu."

"Basi nionyeshe rafu."

"Rafu pia hakuna."

Mkurugenzi wa tatu alikuwa mpole, akampa chai na peremende, akamwambia aandike barua. Aliandika, binti yake Jipar akimsahihishia. Aliandika kumi na moja. Zilijibiwa na mtu aliyeitwa Idara. Mamirbai alikuwa akimwambia Jipar, ambaye sasa alikuwa mwalimu wa hesabu na mama wa watu wawili, "Mkubwa hana moyo, mwanangu. Wanampa kiti, wanautoa."

"Baba, hata ukiipata, itakuumiza."

"Na sasa sijaumia? Nataka kuisikia mara moja. Nijue nililiwa vipi. Basi. Baada ya hapo waje wanizike kweli, nitawasaidia kuchimba."

Akaendelea kufa. Kapteni mmoja wa filamu za kivita alimuua mara tatu katika mwaka mmoja. Sokoni wanawake walimpigia kelele, "Muuaji! Lete mfuko nikuwekee viazi!" na alikuwa anatabasamu kwa kovu lake na kuchukua viazi. Nyumbani aliweka mabakuli mawili mezani mpaka Jipar akalificha moja.

Kisha nyakati zikageuka. Wakubwa waliokuwa wanafunga makopo walistaafu au walijifanya hawakufunga, na mwezi Mei 1987 barua ikaja kwamba filamu ya Temirkan imetolewa rafuni, itaonyeshwa Jumapili saa nane mchana, Ndugu Mamirbai Toktosunov anakaribishwa pamoja na familia. Suti ya Polandi ilikuwa imemlegea. Jipar aliibana kiunoni kwa pini.

Ukumbi ulijaa. Watu wakahutubia. Temirkan, mvi kichwani, koti la ngozi bado lile lile au ndugu yake, alisema maneno ya shukrani kwa nyakati mpya. Mamirbai hakusikia hata moja. Taa zikazimwa.

Alijiona anachunga, anadhulumiwa, anaanguka. Alikuwa mzuri; hata yeye aliona alikuwa mzuri, na hilo halikumgusa. Alikuwa anangoja. Hema likatokea. Shuka jeupe, na chini yake umbo lililo nene mno tumboni: gunia. Kisha mgongo mweusi. Kisha mgongo ukageuka, polepole, na Sonun akamtazama.

Alikuwa hai. Kidoa cheusi chini ya sikio, alichokisahau, kilikuwepo. Unywele mmoja umetoka kitambaani na unatikisika kwa pumzi yake. Mamirbai akaushika mkono wa kiti. Sonun akafungua kinywa.

Na kinywani mwake ikatoka sauti ya msichana. Sauti nyororo, ya kusomeshwa, ya jukwaa la opera, na nyuma yake fidla kumi.

"Hiyo si sauti yake!" Mamirbai alikuwa amesimama, kichwa chake kivuli kikubwa juu ya shuka la sinema. "Hiyo si yake! Zimeni!"

"Keti, mzee!" watu walisema. "Keti, tunatazama!"

Jipar akamvuta. Akaketi, kwa sababu kama angeendelea kusimama angepoteza kumwona. Msichana wa opera aliendelea kulia kwa ustadi, akiimba jina la mchungaji Esengul, na Mamirbai akaziba masikio kwa vidole, akatazama midomo ya mkewe peke yake. Hapo ndipo alipoona. Fidla ziliposhuka, msichana akiimba Esengul, midomo ya Sonun ilifumba. Ikafunguka, ikafumba tena. Ikafumba mara ya tatu. Baadaye tena vivyo hivyo. Na mwisho, kabla hajageukia ukuta, tena.

Alimkamata Temirkan kwenye ukumbi wa nje, kati ya watu na maua yao.

"Mlimtia mke wangu kinywani sauti ya mtu."

"Kaka Mamirbai." Temirkan akaweka maua chini. "Sauti ya pale hemani ilikuwa ya kuongozea tu, yote ilirudiwa studio, ndivyo tulivyofanya kazi, unajua. Tulimwita mama aje arudie. Alikataa."

"Alikataa?"

"Hakukuambia? Alisema kilio hakirudiwi. Mkurugenzi akataka kazi iishe kabla ya kamati ile ya watu saba. Akaleta msichana. Ningefanya nini?"

Mamirbai alifungua kinywa ili amtukane, akasikia hilo neno la mwisho, na tusi likakwama.

"Wewe mwenyewe kila filamu..." Temirkan alianza kwa upole.

"Mimi niliuza ya kwangu. Yeye hakuuza." Akapumua. "Alisema nini pale? Wewe ulikuwepo. Neno gani lile linalofumba midomo?"

Temirkan akasugua macho. "Nilikuwa nimebanana na kamera. Ile mashine ilikuwa inasaga kama kinu, unakumbuka. Na yeye alilia chini chini, si kama msibani. Nilikuwa natazama mwanga tu, Mungu anisamehe. Muulize Karlovich. Yeye alikuwa na hedifoni."

Karlovich, fundi sauti, alikuwa mmoja wa Wajerumani waliohamishiwa kwetu kwa nguvu wakati wa vita. Mamirbai alimkuta anafunga masanduku. Ndugu zake walikuwa wamempatia kibali cha kwenda Ujerumani, nchi ambayo hajawahi kuiona. Kuku wake aliwagawia majirani, ila mmoja aliyekataa kukamatwa.

"Utepe wa pale hemani," Mamirbai alisema hata kabla ya kuketi. "Uko wapi?"

Karlovich hakuuliza utepe upi. Hilo lilimtisha Mamirbai kuliko lolote.

"Uliagizwa ufutwe. Tepe zilikuwa chache. Tulirekodi juu yake mkutano wa wafugaji. Hotuba, saa nzima, na makofi." Alifunga kamba, akaifungua tena. "Nilitaka kuuficha. Nikaogopa. Ningefanya nini, mimi Mjerumani? Tayari nilikuwa nimehamishwa mara moja."

"Lakini ulimsikia."

"Kama ninavyokusikia wewe."

"Alisema nini?"

"Mamirbai, miaka arobaini hapa, Kikirgizi changu ni cha sokoni. Nyama, mkate, bei gani, punguza. Yeye alikuwa anasema cha ndani. Nilijua tu kwamba si kuigiza. Nywele zilinisimama." Akafikiri. "Kulikuwa na neno moja analirudia. Mara tatu, nne. Hilo halikuwa kama mengine. Mengine aliyaimba. Hilo alilisema tu, kama mtu anayeita mlangoni. Au... sijui. Kama mtu anayeagana na mgeni."

"Kuita ni kimoja, kuagana ni kingine, Karlovich!"

"Najua. Ndiyo maana nasema sijui." Akamtazama kwa huruma. "Alipomaliza aliweka mkono juu ya gunia, akalipapasa, hivi, kama unavyompapasa mtoto alale. Kamera ilikuwa imezimwa. Hilo niliona."

"Neno lenyewe lilikuwa Mamirbai?"

Karlovich alijaribu kulisema kwa midomo yake, polepole, akitega sikio kwa kitu kilichopita miaka kumi na tano. Kuku akalia uani. "Linaweza kuwa," alisema. "Linaweza kuwa. Nikikuambia ndiyo, nitakuwa nakupa zawadi, si ukweli."

Filamu ilionyeshwa juma moja katika sinema ndogo karibu na stesheni, mchana, na kila siku watu walipungua. Mamirbai alikwenda kila siku, akakaa mstari wa kwanza, akaziba masikio. Siku ya mwisho Jipar alikuja naye baada ya shule, bado ana chaki mkononi. Walikuwa watano ukumbini, wawili kati yao wapenzi wasiotazama kitu.

"Anasema Esengul, baba," Jipar alinong'ona. "Ni jina la kwenye filamu. Angesema nini kingine?"

"Weka kidole mdomoni. Sema Esengul."

Akasema.

"Midomo imefumba?"

"Haikufumba."

"Sasa sema jina langu."

"Baba, na wewe..."

"Sema."

Jipar akasema, chini chini, kidole mdomoni, akitazama juu ambapo mama yake, ambaye katika picha hiyo alimzidi kwa miaka mitano tu, alikuwa anageuka kutoka ukutani. Ma-mir-bai. Alisema mara ya pili. Kisha akaacha kusema, akaushika mkono wa baba yake.

"Hakuwahi kulitamka," Mamirbai alisema. "Hata nilipokuwa na homa na nikamsihi. Alisema kwetu jina la mume ni kama roho, likishatoka haliingii." Alikuwa analia, yule aliyeshindwa kulia na fimbo yake mlangoni, na machozi yalifuata kovu mpaka mdomoni. Miaka kumi na tano alikuwa amewahesabu waliomkosea: mkurugenzi, karani, watu saba na maji yao ya chupa, daktari wa theluji, Idara. Bado aliwalaani, na wanastahili. Lakini kati yao wote hakuna aliyemwahidi Sonun kitu. Lori halikuvaa viatu vyake, alivivaa mwenyewe.

Juu yao midomo ilifumba kwa mara ya mwisho. Kamera ilisaga, msichana wa opera akaimba wimbo wake, na mahali fulani chini kilimani lori lilikuwa linapiga kona ya kwanza, na ndani yake mtu amechungulia dirishani, hasikii. Mamirbai akainuka kutoka kitini, akasogea mpaka mwanga ukampaka uso, akauliza kwa sauti yake mwenyewe, ile ambayo hakuna filamu iliyowahi kuihitaji:

"Sonun, ulikuwa unaniita nirudi, au ulikuwa unanizika?"